Vichwa Kumi vya Maboksi ya Glavu

Masharubu nilimchora mimi. Meneja wa nyumba ya wazee tunayofanyia kazi huku ughaibuni, Queensbury, alitaka sanamu ya yule mfalme wa Lanka mwenye vichwa kumi, shetani wa hadithi za Kihindi aliyeiba mke wa mwenzake, ichomwe bustanini kwa sikukuu ya wazee wetu Wahindi. Tulipewa kazi wawili: mimi Mzanzibari, na mwenzangu Msinhala kutoka Sri Lanka. Nikabandika maboksi kumi ya glavu huku nacheka peke yangu. Mwenzangu hakugusa hata gundi.

"Dada, kwetu huyu si shetani," aliniambia. "Ni mfalme. Mganga, msomi, aliruka angani kabla ya ndege zenu. Mama yangu hekaluni humwomba mdogo wa mfalme huyu, aliyehamia kwa adui vitani. Mimi niko na huyu aliyebaki kupigania kwao."

"Boksi tu hili, shoga."

"Na picha ya babu yako? Karatasi tu?"

Habari za babu yangu huko Unguja wamezisimulia walioshinda, na mpaka leo nikizisikia damu hunichemka. Niliona haya kwa yale masharubu.

Jioni, wazee wamekwisha kupangwa na mablanketi yao, meneja akamnyooshea mwenzangu kiberiti. Kwa kuwa hakusaidia kutengeneza, yeye ndiye awashe. Akakataa. Meneja akasema ataandika ripoti kwamba amekaidi agizo, na sote tulijua viza yake imefungamana na kazi ile. Aliipeleka mikono nyuma, akasimama wima.

Bibi mmoja wa Kigujarati, mzaliwa wa Kisumu, akanipigia kelele kwa Kiswahili chake: "Washa bwana! Hii mwizi iliiba bibi ya mtu!"

Nampenda bibi yule, na sikukuu ni haki yake. Lakini kumlazimisha mtu amchome mfalme wake ili asifukuzwe kazi, hiyo si sikukuu, ni uonevu. Nikachukua kiberiti, nikakitia mfukoni.

"Ukiandika jina lake," nikamwambia meneja, "andika na langu. Halafu utafute wawili wa kuwalaza hawa wazee."

Alitutazama, akawatazama wazee ishirini kwenye viti vyao. Hakuandika kitu.

Bibi alininunia wiki nzima, hata chai yangu hakuitaka. Angeninunia mwaka, kiberiti nisingekitoa.