Herufi ya Mwisho ya SAMAKI

Anti alikuwa mhudumu wa gari la shule ya chekechea mwaka wa kumi na mbili sasa, na mwenyewe alikiri kichwa chake kinavuja. Orodha ya watoto aliyopewa na mwalimu mkuu aliitia mkobani, ikakaa hukohuko. Yeye alikuwa na neno lake: SAMAKI. Kila herufi mtoto mmoja, kama majina yao yanavyoanza, kwa mpangilio wa kupanda garini. Wakishuka, alimgusa kila mmoja kichwani akitaja herufi yake. Dereva humtania, "Leo umevua wangapi?"

Kisha I, mtoto wa herufi ya mwisho, akashikwa na homa Jumamosi. Jumatatu alikuwa ameshazikwa.

Ungedhani neno lingekufa naye. Wapi! Nyumba yao ilikuwa ya mwisho njiani, na asubuhi ile mama yake alisimama getini, akamshika Anti mkono dirishani. "Nitajie wote, dada. Na wangu."

Anti akataja mpaka I. Ikawa ndiyo desturi, na hata shuleni mkono wake ulishuka kugusa kichwa kisichokuwapo. Ilimtisha, maana kuna siku aliapa vidole vyake vimegusa nywele.

Mwezi uliofuata akaja mtoto mpya, B, mpole, mtu wa kusinzia. Anti hakumtafutia nafasi. Angemweka wapi, na neno limeshajaa?

Alhamisi moja wakafika shuleni saa mbili. Akataja, akagusa, akamaliza na I, neno likatimia. Akafunga mlango, gari likaegeshwa juani. Saa tatu mwalimu akauliza, "Kwani B haji leo?"

Anti alikimbia mpaka kiatu kimoja kikabaki njiani. B alikuwa sakafuni mwa gari, ameloa jasho, midomo imekauka, lakini mzima.

"Anti, hukuniita," akasema.

Anti alilia mbele za watu bila haya. Alikuwa amemhesabu marehemu, akamwacha aliye hai.

Ijumaa gari likasimama getini. Mama wa I alikuwa pale pale. Anti alitamani ardhi ipasuke immeze.

"S," akaanza, akimgusa kila mtoto. "A. M. A. K." Akamgusa yule mpya. "B."

Mama alisubiri. Anti akainamisha macho, dereva akatia gia. Gari lilipoondoka, walimsikia nyuma yao akiitaja herufi ya mwanawe mwenyewe, peke yake.