Kona ya Masale

Enzi zetu kule juu, mtoto alikabidhiwa panga kabla ya kalamu ya wino, na kosa langu kubwa la kwanza nililifanya kwa panga na kamba ya katani, nikiwa na miaka tisa. Nilinyoosha mpaka.

Kitongoji chetu, juu ya Moshi, kilikuwa nyumba chache zilizofichwa na migomba. Ukimwita mtu, alikuitikia kabla hujamwona. Mliokulia huko mnakumbuka. Tuliteleza mteremkoni juu ya magamba ya migomba mpaka kaptula zikatoboka matakoni. Tulinyonya kahawa mbivu kwa ule utamu wake mdogo, kisha tukakana huku vidole vinanata. Shuleni tulibeba samadi ya bustani kwenye ndoo, na harufu ikatusindikiza mpaka kipindi cha hesabu. Jioni ilikuwa mtori, supu nzito ya ndizi, na nyuma ya nyumba maji ya mfongo, mfereji waliouchimba mababu, yakipita kwa zamu. Siku hizi wadogo zetu wanakuja Krismasi kutoka Dar, wanakata masale, ile mimea ya majani marefu ya mpakani, na kuyaweka kwenye chupa sebuleni. "Maua makali haya, kaka!" Nacheka nao.

Kwetu isale si ua. Linapandwa mpakani, linapandwa kaburini, na jani lake ndilo unalopeleka ukienda kuomba msamaha.

Nililelewa na Bibi, nami nilikuwa mtoto wa kusahihisha vitu. Vikombe vyake nilivipanga mikono yote ikitazama upande mmoja. Daftari nililifuta mpaka karatasi ikatoboka. Sijapona. Kuandika habari nilijifundisha mwenyewe, kwa kunakili magazeti yaliyofungia nyama, na aya hii nimeiandika mara sita.

Wiki ya kipaimara cha dada yangu, Bibi aliniambia, "Safisha mpakani, wageni wasije wakadhani tunaishi na nyani," akateremka sokoni. Mpaka ulikuwa kati ya kihamba chetu, shamba la ukoo, na cha jirani yetu, Meku Elirehema. Meku ni mzee, na yeye alikuwa mzee tangu nimjue. Mstari wa masale ulishuka vizuri, halafu karibu na mparachichi ukakunja kama kiwiko, ukarudi. Kiwiko kile kilikuwa kinaninyima raha siku nyingi. Nilidhani aliyepanda alikuwa amelewa mbege.

Nikavuta kamba kutoka juu mpaka chini. Nikang'oa masale yote ya konani, hata moja lililosimama peke yake ndani ya kona. Nikayakata urefu mmoja, nikayapanda kwa kufuata kamba, kisha nikasawazisha udongo wa kona yote mpaka mashimo yakapotea. Nilirudi nyuma hatua kumi nikatazama. Sijawahi tena kuridhika na kazi yangu namna ile.

Meku alikuja na jembe, zamu yake ya maji ilikuwa imefika. Akasimama.

"Nani amenyoosha hapa?"

"Ni mimi, Meku. Shikamoo."

Hakusema marahaba. Wa rika langu mnajua uzito wake. Alitembea kwenye mstari, akigusa isale moja baada ya jingine.

"Lile la peke yake ni lipi?"

Sikujua. Yote yalikuwa sawa, niliyafanya sawa mwenyewe.

"Pale amelala dada yangu," akasema. "Alikufa hajaota meno. Baba yangu na babu wa bibi yako walipochimba mfongo waliupindisha mpaka, pasiwe pa mtu, pasilimwe."

Bibi aliporudi hakunichapa. Afadhali angenichapa. Alikata jani la isale, akalifunga fundo, akanishika mkono mpaka uani kwa Meku. "Mpe. Usiseme neno." Ukiletewa isale hukatai, ndiyo mila. Meku alilipokea, akaliweka juu ya mlango, akanipa ndizi ya kuchoma. Kisha akamwambia Bibi, akidhani sisikii, "Mjukuu wako nimemsamehe, mama. Lakini msamaha haunionyeshi alipo."

Bibi aling'oa masale mengine, akajaribu kurudisha kona kwa kukumbuka. Kila mmoja alikumbuka mahali pake. Yeye alisema karibu na mparachichi, Meku akasema chini zaidi. Mwishowe Meku mwenyewe akasema, "Acha, mama, tusimzungushie mtoto ua mahali ambapo hayupo." Wakayarudisha kwenye mstari wangu. Miaka yote iliyofuata, zamu yake ya maji ikifika, nilimwona akichoma udongo polepole kwa ncha ya fimbo, kama mtu anayebisha hodi kwenye nyumba ya mgonjwa.

Amefariki. Bibi naye amefariki. Mimi ndiye ninayezunguka na daftari sasa nikiandika habari za kitongoji, nani alihamia lini, nani alichimba wapi. Siandiki jambo kabla sijawauliza watu watatu, na wazee wananitania kwamba nitawamaliza kwa maswali. Wanamalizika wenyewe.

Kisha wakaja wapimaji wa ardhi, vijana wa umri wangu, na vyombo vyao vya miguu mitatu. Niliwaambia hapa palikuwa na kona. "Sawa, kaka," mmoja akasema, kwa adabu kabisa, "tuonyeshe ilipokuwa." Nilisimama chini ya mparachichi. Sikuweza kuonyesha.

Mfongo umekauka. Mahali pa masale pana nguzo za zege, nazo zinafuata kamba yangu. Upande wetu, pale karibu na mparachichi, pamelimwa maharage.