Tangazo la Nyuma ya Mlango

Barua ilisema shangazi yangu amefutwa kwenye orodha ya wajane wanaopokea pensheni, kwa kuwa hakufika kuonyesha kwamba yu hai. Ilisema pia kwamba siku za kupinga zilihesabiwa tangu tangazo lilipobandikwa ofisini, na zimekwisha. Aliniletea barua hiyo nyumbani kwangu, mtaa wa Kabondo, amekaa nyuma ya toleka, baiskeli ya abiria, huku akimgombeza mwendeshaji kwa kupita kwenye mashimo.

"Donc niko maiti?" aliniuliza.

"Kwenye karatasi tu, tantine."

"Na maiti inakulaka nini?"

Hilo ndilo lilikuwa swali. Pensheni ile ndiyo chakula chake na dawa zake za presha, hana nyingine.

Nimefundisha uraia miaka mingi, kwa hiyo nilimwelezea taratibu, kama ninavyowaelezea wanafunzi. Mtu akitaka kukunyang'anya haki, akujulishe kwanza, mahali unapoweza kuona, na akusikilize kabla ya kukata. Kama hakukujulisha, siku zake hazijaanza kuhesabika. Si lazima uwe mwanasheria. Unauliza tu: mliniambia wapi?

Kesho yake tulikwenda ofisi ya pensheni, tukauliza. Karani hakuinua macho.

"Mama, ilikuwa affiché. Iko pa ukuta."

Ukutani palikuwa na kalenda na mjusi. Shangazi ndiye aliyechungulia kwenye upenyo wa bawaba, akaona pembe ya karatasi. Tangazo lilibandikwa nyuma ya mlango, na mlango ulifunguliwa kila asubuhi, ukasukumwa hadi ukutani na kuzuiwa kwa tofali.

"Tufunge kidogo, tusome," nikasema.

"Papa mwalimu, mulango ya bureau haifungwake saa ya kazi. Iko règlement."

"Na kazi ikiisha?"

"Bon, kazi ikiisha, mutu haingie."

Nilitafuta tabasamu usoni mwake. Halikuwapo. Wasomi wazima, wenye vyeti na mihuri, walikuwa wamefanikiwa kuwatangazia wajane wote wa mji kwa namna ambayo ni mfagiaji peke yake angeweza kuisoma. Mjinga asingeweza kubuni jambo hilo, lilihitaji shule.

Sikupiga kelele. Kelele huwafurahisha: wanapata sababu ya kukutoa nje. Niliketi kwenye benchi, tukaandika barua kwa jina lake. Kwamba yu hai. Kwamba tangazo limefunikwa na mlango. Kwamba karani mwenyewe amesema mlango haufungwi saa za kazi, na baada ya kazi haingii mtu. Kwamba anaomba kusikilizwa na mtu mwingine, si yule aliyetia sahihi kumfuta. Tuliandika nakala mbili, maana hapa kwetu barua isiyo na muhuri wa mapokezi kwenye nakala yako haijawahi kuandikwa. Karani aligonga muhuri bila kusoma. Hakuwa na desturi ya kusoma, na siku ile tulimshukuru kwa hilo.

Baada ya majuma kadhaa tuliitwa. Safari hii alikuwapo mama mmoja, mkuu wa karani, barua yetu mkononi. Alisogeza tofali kwa ncha ya kiatu, akafunga mlango, akasimama mbele ya tangazo akilisoma lote.

"Mais chef, ilikuwa affiché," karani akasema.

"Kwa nani? Kwa mijusi?"

Akamgeukia shangazi, akamwomba aeleze. Shangazi alieleza kwa kirefu, hata mambo ya toleka, wala hakukatizwa. Kisha yule mama akaandika palepale kwamba jina lirudishwe.

"Bon," karani akasema, akifungua mlango na kurudisha tofali, "liste ya wenye kurudishwa tutaibandika."

"Wapi?" nikauliza.

Akatazama nyuma ya mlango, kwa dhati kabisa.

Shangazi aliinama, akaokota tofali, akalitia kikapuni.

"Mama, ile ni ya serikali!"

"Mbabula yangu inakosa muguu," akajibu kwa niaba ya jiko lake la makaa, akatoka.

Mlango ukarudi polepole, ukajifunga nyuma yetu.