Mtego wa Chungu Kitupu

Nakumbuka, mwanangu, siku niliyomwita mjumbe wa mtaa aje ashuhudie fumanizi nyumbani kwangu Mlingotini. Kila nikiikumbuka natafuta pa kuuficha uso.

Nilikuwa fundi seremala, kijana, na mke wangu Zuhura alikuwa akilima mwani na wanawake wenzake. Binti yetu Mwajuma alikuwa bado ananyonya. Basi mnunuzi wa mwani, bwana mmoja mtanashati, akamletea Zuhura viatu vya mpira asichomwe miguu baharini. Aliwapa wanawake wote, lakini mimi niliona miguu ya mmoja tu. Lo! Wivu ukanivaa.

Nikajiona nimepata akili. Mwani wa msimu ule ulikuwa umeoza kwa joto, najua Zuhura hana kitu. Nikaacha kuleta unga, nikaacha kuleta kitoweo. Nikajisemea, chungu kikiendelea kuchemka, basi yupo anayemlisha, na huyo nitamshika. Uwezo ninao, roho ya kutoa sina.

"Baba Mwajuma, kuna nini? Kazi imeharibika?" akaniuliza.

"Muulize aliyekuvisha viatu."

Akiba ya ndani ikapungua hadi ikaisha, kisha siku tatu moto haukuwaka. Siku ya nne narudi, nanusa samaki wa nazi! Sikugusa. Nilikuwa nakula kwa mama ntilie huku roho inaniunguza, na uani nimeona alama za makubadhi ya kiume. Hasira hasara, lakini nani angeniambia nikasikia?

Asubuhi yake nikaaga naenda kazini, kumbe nimejibanza nyuma ya nyumba na mjumbe. Tukasikia hodi, sauti ya kiume isiyosikika vizuri, na Zuhura anashukuru. Nikavamia ndani. "Leo nimekushika!"

Alikuwa baba yangu mzazi. Ametoka Kerege na kikapu, ameinama anamimina mchele kwenye ungo. Mjumbe akakohoa, akatoka nje.

Baba hakupandisha hata sauti. "Haya, umenishika. Nipeleke mahakamani, umwambie hakimu kwamba baba yako anamlisha mkeo na mwanao. Atakuuliza sheria ya ndoa imempa nani kazi hiyo. Utamjibu nini?"

Zuhura alikuwa analia. Maziwa yalimkauka kwa njaa, ndipo akamtumia baba ujumbe. Nikamtazama Mwajuma, mbavu zinahesabika. Siku zote zile nilikuwa naishi naye nyumba moja, macho yangu yanamtafuta mgoni asiyekuwepo.

Mwanangu, sitakudanganya kwamba wivu uliniisha. Hata leo na mvi hizi, muuza samaki akimchekea Zuhura moyo unanipanda. Wivu ni kidonda, ukiushiriki utakonda. Konda peke yako, usimkondeshe mtoto. Mkeo akikutia shaka, muulize. Mkishindwana, wazee wapo, shehe yupo, mahakama ipo. Lakini huku mnateta, chakula kiende nyumbani, na dawa, na nguo. Matunzo ya mke na mwana si zawadi unayotoa ukifurahi ukanyima ukinuna. Ni haki yao, dini imesema na sheria imesema, na hata mkiachana, mtoto hujaachana naye.

Mungu akupe mkono mwepesi wa kuleta nyumbani, na akuepushe na siku ya kulishiwa mwanao nawe ungali mzima. Amina.