Nyama Isiyoguswa na Moto

Mwaka ule vita ilipoingia Bukavu, dada yangu mdogo alizigeuza sufuria zetu zote kifudifudi na kukataza jiko lisiwashwe. Tulikuwa tunaishi wawili Anderlecht, kwa Wabelgiji, ghorofa ya juu kabisa, kwenye jengo ambalo lifti yake ilipanda ilipotaka yenyewe. Yeye alikuwa akifanya kazi katika makao ya wazee, mimi nikiosha vyombo kwenye mgahawa wa Wavietnam karibu na Chaussée d'Ixelles. Mama yetu alikuwa amebaki Bukavu.

Habari ilitufikia kwa simu. Jirani wa kule nyumbani, aliyebahatika kuvuka hadi Bujumbura, alisema watu wa mtaa wetu walikimbilia msituni, mama na miguu yake mibovu akashindwa, akabaki ndani, na waliobaki, kwa alivyosikia yeye, hawakusalimika. Kwa alivyosikia. Hakuona maiti, hakuona kaburi. Mimi nikaling'ang'ania neno hilo moja. Dada yangu hakung'ang'ania kitu. Aliweka simu chini, akaenda jikoni, nikasikia sufuria zinagongana.

Kwetu, nyumba yenye kilio haiwashi moto. Wenye msiba wanakaa chini, majirani wanapika kwao, wanaleta. Ni desturi nzuri kabisa, mradi uwe na majirani. Jirani yetu sisi alikuwa bibi mmoja Mbelgiji mwenye mbwa, ambaye tangu tuhamie pale tulikuwa tumebadilishana naye neno moja tu, bonjour. Angejuaje kutuletea sahani? Wakongomani wenzetu wa kanisani wangeleta, na wangeleta mpaka tukose pa kuweka, ila mimi niliwakataza. Maman mmoja alipopiga simu kuuliza matanga yatakaliwa wapi, nilimwambia hapa hakuna matanga, mama yangu ni mzima, nikakata. Kumkalia mtu matanga kabla hujajua ni kumwitia kifo. Ndivyo nilivyoamini.

Basi asubuhi nikiamka nawasha gesi, nateleka maji ya chai, nagongagonga vifuniko makusudi ili asikie. Kwangu ule moto ulikuwa ni kusema mama yuko hai. Dada anatoka chumbani na kitenge begani, anazima, haniangalii. Nawasha, anazima. Watu wazima wawili tunagombania kitufe cha jiko.

"Kusikia si kuona," nilimwambia.

"Lisemwalo lipo," akanijibu, "na kama halipo, laja."

Methali hiyo naichukia mpaka leo.

Nilimletea friti, chipsi za moto kutoka kibandani, akazisukuma. "Ule moto waliuwasha juu ya biashara yao, kaka. Hawakuuwasha juu ya mama." Nikaleta supu kutoka mgahawani, jibu likawa lile lile. Alikubali ndizi mbivu na maji ya bomba, halafu hata ndizi akaanza kuziacha nusu. Kazini hakwenda tena. Usoni yalibaki macho. Mama sikujua kama nimempoteza au sijampoteza, lakini huyu alikuwa mbele yangu, anakwisha. Yeye alikuwa amefunga jiko, mimi nimefunga mlango, na hakuna hata mmoja wetu aliyekuwa tayari kufungua. Nilikuwa nikisimama kwenye sinki la mgahawa, mikono ndani ya povu, nalia bila sauti.

Mpishi wetu alikuwa mama wa Kivietnam ambaye sote tulimwita Madame. Kabla wateja hawajaingia alikuwa akitutengenezea sisi wa jikoni saladi ya nyama ya ng'ombe. Ya wateja aliipitisha kwanza kwenye kikaango, maana alikuwa anawaogopa. Yetu aliikata mbichi, vipande vyembamba vya kuona upande wa pili, akaikamulia ndimu, akaiacha. Mwanzoni sikuionja. Kwetu nyama ikiwa na damu mpishi anarudishiwa sahani yake, na Wabelgiji wanaopaka nyama mbichi ya kusaga kwenye mkate nilikuwa nawaita paka. Lakini siku moja niliiangalia vizuri. Ule wekundu ulikuwa unatoka, nyama inageuka rangi ya jivu, inakaza, inaiva, na hakuna aliyewasha kiberiti.

Jumatatu mgahawa ulikuwa unafungwa. Nilinunua kipande cha mgongo, nikakiweka kwenye friza kidogo kigande, kisha nikakikata kwa kuzikatiza nyuzi kama nilivyomwona Madame akifanya. Nikakamua ndimu mpaka vidole vikawasha. Nikakata vitunguu vyembamba, pilipili, nanaa na majani ya giligilani. Nikatia ule mchuzi wao wa samaki, unaonuka kama ndagala waliosahaulika juani, lakini ndiyo chumvi yake. Madame alikuwa akimalizia kwa karanga za kukaanga na vitunguu vya kukaanga. Vitunguu vyake nikaviacha, karanga nikazitwanga mbichi. Nilikuwa nafurahia ujanja wangu, naona kama nimempata. Sikuwaza mbali zaidi ya kumtia mtoto wa mama yangu kitu tumboni.

Akaja mwenyewe, ameifuata harufu.

"Ni nini ile?"

"Nyama."

"Umeiivisha na nini?"

"Na ndimu."

Alinitazama, kisha akaenda kwenye jiko, akaweka kiganja juu ya chuma. Akakiacha pale muda. Jiko lilikuwa baridi, na chai sikuwa nimeteleka asubuhi ile, kwa haraka ya kuwahi buchani. Akakaa chini, sakafuni, akanyoosha miguu kama wanavyokaa wanawake kwenye kilio. Nikamwekea sahani mbele yake.

Alikula. Alikula kwa mkono, taratibu, halafu si taratibu, ndimu inamchuruzika hadi kwenye kiwiko. Mimi nimesimama naangalia, na nakiri nilikuwa na furaha, furaha ya kijinga kabisa. Machozi yalipoanza kumtoka nikasema moyoni ni pilipili.

"Asante, kaka," akasema. "Nilikuwa naogopa kumulilia mama mimi peke yangu. Donc, kumbe na weye unajua."

Nilifungua mdomo. Nilitaka kusema hapana, sijui chochote, nilitaka tu upate kula, mama ni mzima, kesho nitawasha moto kama kawaida. Nusu ya nyama ilikuwa bado sahanini. Ningesema vile angeisukuma, na nilimjua, asingeirudia. Alikuwa ananitazama kama mtu aliyekuwa amebeba gunia peke yake njia nzima, sasa amehisi mkono wa mwenzake upande wa pili. Sikuweza kuuondoa mkono.

Akasogea kunipa nafasi. Nikakaa chini, nikatia vidole sahanini, nikala naye, na mama akawa amekufa.