Wiki Ijayo ya Mheshimiwa Waziri

Hapa Matonge, mtaa wa Wakongo mjini Brussels, habari za kifo hufika kwa kinyozi kabla hazijamfikia padri. Jumanne nilikuwa kitini, nusu ya kichwa imenyolewa, kinyozi alipozima mashine na kusema, "Tonton, Excellence amekufa." Kisha akaiwasha tena na kumaliza nusu iliyobaki, maana kazi ni kazi.

Wasomaji wangu wa siku nyingi watamkumbuka Excellence, yaani Mheshimiwa. Alikuwa wakili, mzaliwa wa Katanga, na ofisi yake ilikuwa chumba kimoja juu ya saluni ya kusuka nywele pale Galerie d'Ixelles. Aliwaandikia wakimbizi rufaa zao, nao walimwita Maître, kama mawakili wanavyoitwa huku. Siku moja akapigiwa simu kutoka Kinshasa: ameteuliwa waziri. Jina la wizara lilikuwa refu kiasi kwamba yeye mwenyewe alilisoma kwenye karatasi. Tulimsindikiza kwa vigelegele hadi uwanja wa ndege, nami nikaandika safu nzima ya kumsifu. Sikuandika kwamba keshokutwa yake alikuwa na kesi. Msusi mmoja wa saluni ile ya chini, mama kutoka Lubumbashi, alikuwa akiomba hifadhi ili aweze kumleta binti yake, aliyemwacha kwa dada yake. Wakili alimwambia, "Usiogope, maman. Nitarudia semaine prochaine, wiki ijayo tu." Mama akaenda mbele ya majaji peke yake, akajibu kwa Kifaransa cha sokoni, akashindwa.

Uwaziri ulidumu mwaka mmoja na kidogo. Nimetafuta mafanikio yake kwa nia njema, nikapata utepe aliokata kwenye daraja ambalo watu walikuwa wakilipita kwa miezi kadhaa tayari. Alifutwa kazi kwenye taarifa ya habari ya televisheni, akiwa mezani na wageni waliokuja kumwomba kazi. Wageni hao, alinisimulia, walimaliza kula kwanza. Wahenga wana methali kuhusu nguo ya kuazima na kile isichokisitiri. Tuiache, hapa ni gazetini.

Aliporudi Brussels watu waliendelea kumwita Excellence, naye aliitika vizuri tu. Ila msusi aliweka kitana chini, akamuuliza mbele ya wateja, "Papa, ile wiki ijayo imefika?" Hakuna aliyecheka. Mheshimiwa alipanda ngazi, akalitafuta faili la yule mama, akaanza upya. Ilimchukua miaka mitatu. Binti aliyeachwa akiwa bado anang'oka meno ya utoto alishuka ndege akiwa na kimo cha mama yake, wakaamkiana kama wageni. Nilikuwepo, na nakiri nililia, kwa sababu miaka ile hapakuwa na rufaa ya kuirudisha.

Kwenye matanga, viti viwili vya mbele vilibandikwa karatasi za kuwasubiri wakubwa kutoka nyumbani. Wakubwa hawakutokea. Wasemaji wote walimtaja waziri, hata daraja likatajwa. Mwisho akainuka msusi, akasema kwa Kiswahili cha Lubumbashi, ambamo "njo" ni "ndiye":

"Bon, mi Excellence simujue. Ule alinitupaka. Maître njo alirudia, na ye njo minalilia."

Kisha akabandua karatasi zile mbili, akaketi mbele na binti yake.

Mtu husindikizwa kwa cheo alichopewa, lakini huliliwa kwa kazi aliyorudi kuimaliza. Hilo ndilo nililopaswa kuandika siku ile ya vigelegele; pengine angeona haya kuondoka kabla ya kesi, na mama yule angekuwa na wakili.