Deo Hakuwa Mupiganaji

Anselme alisoma jina la mudogo wangu kwa sauti ileile aliyozoea kusomea matangazo ya soko.

"Deo."

Alikuwa amesimama kwenye baraza ya shule ya primeri, picha mukononi. Nyuma ya picha ile jina nililiandika mimi, kwa biki yangu ya bluu, mwandiko wa muntu aliyeishia darasa la ine. Jua lilikuwa limepanda. Watu wote wa senta, mji wetu mudogo, walikalishwa chini uwanjani, wanaume mbele.

Deo akasimama. Alifikiri wanaita watu wa kubeba mizigo.

Wawili wakamushika mikono.

Nikapiga kelele: "Ile bunduki ya kwenye picha ni ya mbao! Ni ya teatre ya Noeli!"

Komanda wao, Elikana, akageuka. "Nani anasema?"

"Ni miye, fotografe."

"Iko wapi basi, hiyo ya mbao? Lete tuone."

Haikuwako tena. Wakimbizi waliolala kanisani waliitia motoni chini ya sufuria zamani, na nani angewalaumu. Elikana akamutazama Anselme.

"Sekretere, weye uko muntu ya hapa. Anasema kweli?"

Anselme akatazama picha. Akatazama viatu vyake.

"Miye sijui, Afande."

Waliwapeleka nyuma ya shule, Deo na wengine sita walioitwa.

Tulisikia risasi.

Deo alikuwa na miaka makumi mbili na tatu. Ninaandika haya leo, nywele zimekuwa nyeupe na mwili umechoka, kwa sababu ya binti yake Neema. Neema amepata kijana, na watu wa kijana wanamukataa. Wanamukataa kwa sababu ya picha ileile. Kuandika vita yote nawaachia wenye masomo, kama Anselme. Mimi nina picha moja tu ya kueleza.

Senta yetu ya Masisi ilikuwa kwenye barabara ya Kitshanga, si mbali na Mweso. Studio yangu ilikuwa chumba kimoja cha mbao, kimebanana na duka la chumvi na sabuni. Ndani nilitundika pazia lililochorwa na fundi mumoja wa Goma: nyumba ya ghorofa, na ndege inapita juu yake. Hapa kwetu hakuna aliyekuwa na ghorofa, wala aliyepanda ndege. Lakini ukiingia nyumba yoyote ya senta, ukutani utakuta mwenye nyumba amesimama mbele ya ghorofa ile, amekaza shingo, anatazama kama muntu wa Serikali. Filimu nilituma Goma kwa kamyo la viazi. Picha zilirudi baada ya wiki mbili, ao tatu kama njia imekatika, na watu walingojea kwa mulango wangu kama wanaongojea barua.

Nilipiga picha za komunyo ya kwanza na za arusi. Nilipiga picha mama aliyetoka hospitali na mapacha, kipa wa timu yetu na goti lake limefungwa, muzee mwenye ng'ombe tatu na fromaji zake za maziwa amezipanga kama watoto. Muntu akinunua radio, radio inapigwa picha. Mama mumoja alifiwa na mutoto wa miaka mbili. Alikuja kuniomba nitafute kama mutoto hakuonekana nyuma ya muntu mwingine katika picha ya arusi ya jirani. Tulitafuta muchana kutwa. Tukapata mukono tu, umeshika kitenge cha mama yake. Akauchukua, akashukuru.

Anselme njo alinifundisha maana ya kazi ile. Alikuwa sekretere wa senta, alimaliza humanite, masomo ya sekondari, na chumbani kwake kulikuwa na ubao mumoja wa vitabu, vyote vimefunikwa kwa karatasi za gazeti. Alikuja kukaa kwangu jioni, anapindua picha moja moja.

"Kaka Bauma, unajua uko na nini humu? Uko na historia ya senta yote. Kwa shule walitufundisha wafalme wa Ubelgiji. Sisi, nani atatuandika?"

"Weye, si uko na biki."

"Nitaandika. Lakini unisaidie. Kila picha ubaki na moja. Nyuma uandike jina, na ilikuwa siku gani. Picha haina jina, ni karatasi ya kufungia karanga."

Nikasikia kiburi. Mimi wa darasa la ine, nikawa muandishi. Nilinunua biki, nikaweka picha zote katika sanduku la bati chini ya meza, na nyuma ya kila moja niliandika polepole, ulimi nje. Miaka sita. Anselme peke yake njo alijua sanduku lile lina nini, kwa kuwa yeye njo alilisoma.

Noeli ya mwisho tuliyokula kwetu, paruasi ya kanisa letu ilifanya teatre, muchezo wa kuzaliwa kwa Yesu. Anselme aliiandika, akajipa kazi ya Herode. Fundi wa madirisha alichonga bunduki ya mbao, akaipaka masizi, na Deo akawa askari wa Herode. Nani alimwambia Anselme kwamba askari wa Herode walikuwa na bunduki, sijui. Watu walipenda. Baada ya misa wakaja studio bado wamevaa, Anselme na taji la karatoni na ndevu za pamba, amekaa kwenye kiti changu, Deo amesimama pembeni yake, na Anselme amemuwekea mukono begani.

"Piga haraka, Bauma, ndevu zinaniwasha!"

"Mukubwa wangu," Deo ananiuliza, "nikasirike ao nicheke?"

"Askari wa Herode hacheki," Anselme akasema.

"Basi nikasirike. Lakini baba mukwe wangu wa Kibua akiona hii, atakuja kuchukua binti yake."

"Atakuja kuchukua na ile mbuzi aliyoacha kwenu!" Anselme akamujibu.

Walicheka mupaka taji likaanguka. Nilingoja wanyamaze, nikapiga. Picha ilipotoka nikaandika nyuma: *Deo na Anselme. Askari na Herode. Noeli.* Jina la Deo nililiandika juu, upande wa kushoto, kwa kuwa ni mudogo wangu.

Siku watu wa Elikana walipoingia ilikuwa ya soko. Nakumbuka nilikuwa nabishana na mama muuza maharagi juu ya mawe aliyochanganya ndani. Wasirikali wa Serikali walikuwa wameondoka bila kutuaga. Wale waasi wakashuka kutoka vilimani kwa mustari, wakasema tusiogope, wakala ndizi zetu, wakaomba senta iwaonyeshe ofisi ya sekretere. Siku tatu hakuna aliyepigwa.

Siku ya ine wakaja studio. Anselme alikuwa mbele.

"Kaka, fungua tu. Wanataka kuangalia."

"Kuangalia nini?"

Aliinama mwenyewe chini ya meza, akavuta sanduku.

Lililala ofisini kwake. Asubuhi tukaitwa uwanjani.

Walichagua kila picha yenye koti la sirikali, ao bunduki, ao muntu aliyesimama na muntu wa Serikali. Mwalimu wa darasa la kwanza aliitwa kwa sababu ya shemeji yake. Kijana muuza mafuta aliitwa kwa sababu aliazima koti apendeze. Kila mumoja alitafutwa kwa jina, na jina nililiandika mimi, bila kosa, jinsi nilivyofundishwa.

Waliturudisha nyumbani. Karakana ya fundi wa madirisha ilianza kuwaka, kisha studio, kisha nyumba ya Deo.

Mama Neema, bibi ya Deo, hakulia. Alimufunga Neema mugongoni.

Tukatoka kwa nyuma, ndani ya mihindi.

Tulitembea siku nyingi, tukipita juu ya Masisi, tukishuka kwenye pori la Walikale, mupaka kwao Mama Neema, Kibua. Baba yake alinipa shamba. Mimi muntu wa vilima nikajifunza kukata miti mikubwa na kupanda muchele na muhogo chini ya mvua isiyoisha. Nilijifunza kukaa kimya wazee wa pale wanapoenda kwenye mambo yao ya pori, nami nikaenda kanisani kwangu. Aparei ya kupigia picha sikuishika tena. Deo tulimuacha nyuma ya shule, na mupaka leo sijui aliyemuzika alikuwa nani, ao kama alizikwa.

Elikana alikufa katika miaka iliyofuata, aliuawa na watu wake mwenyewe. Siwezi kudai jibu kwa mifupa.

Sasa Neema amekuwa musichana mukubwa, anashona nguo. Kijana wake ni wa familia iliyokimbia Masisi kama sisi, wanakaa Walikale senta. Mwaka huu tulienda kwao kujulishana, mimi kama baba mukubwa, Neema mwenyewe, Mama Neema, na watu wawili wa ukoo wake. Baba mudogo wa kijana, Papa Sadiki, alitupokea vizuri. Munajua desturi yetu: chakula kikiwa bado motoni, mugeni anapewa albamu ya familia, ajue watu wa nyumba. Lakini nao walipoteza albamu zao wakikimbia. Papa Sadiki akasema:

"Mutusamehe, sura zetu ziliungua zote. Lakini niko na kitabu hiki, kimetoka Goma. Ni historia ya senta zetu za Masisi, kiko na picha nyingi. Muangalie, labda mutaona hata jirani."

Mama Neema akakifungua juu ya magoti. Nikaona pazia langu. Nikaona ghorofa na ndege. Nikaona kipa na goti lake. Yeye alipindua karatasi moja tena, akapiga kelele ya furaha, akasimama.

"Deo! Neema, kuya, kuya uone! Huyu njo Papa yako!"

Neema hakuikumbuka sura ya baba yake. Alikimbia kutoka jikoni, mikono ina unga. Waliinama wote wawili juu ya kitabu, wanacheka na kulia, na Mama Neema anagusa ile sura kwa kidole.

Papa Sadiki naye akainama. Yeye njo alisoma maneno ya chini.

"Mama," akasema, "hapa wameandika 'Kijana mupiganaji wakati wa vita.'"

Mama Neema akaondoa kidole kwenye picha.

"Nyumba yetu ilichomwa na vijana kama huyu. Mama yangu alikuwa ndani."

Nilieleza. Nilieleza Noeli, Herode, fundi wa madirisha. Nikaona usoni mwao kwamba ninavyozidi kueleza, ninazidi kuwa muongo. Chakula kikaja. Tulikula kama watu waliokuja kwenye matanga.

Kabla ya kuondoka nikaomba kitabu, nikakiangalia kama fotografe. Ndege ya pazia langu haikuwa na kichwa. Kando moja ilikatwa kwa makasi, si sawa, mukono wa haraka. Na begani mwa Deo kulikuwa na vidole vine, bila muntu.

Njo hapo nikaelewa sanduku lilipolala ofisini ilifanyika nini. Nikaelewa kwa nini nilisikia "Deo" tu, na mimi niliandika majina mawili. Juu ya kitabu, kwa herufi za dhahabu, mwenye kukiandika: Anselme. Picha zangu zimejaa humo, na jina langu halipo. Hiyo siidai.

Nilipata namba yake ya simu. Nilipanda kilima chenye rezo.

"Anselme, ni Bauma. Fotografe."

"Kaka Bauma! Uko muzima! Nakutafuta miaka yote!"

"Ulinitafuta wapi?"

"Ah, kaka, na hii vita… Umeona kitabu? Si nilikuambia tutaandikwa?"

"Nimeona. Deo alikuwa mupiganaji wa nani?"

"Ile ni maneno ya chini ya picha tu. Wenye kuchapa walitaka kitu cha vita. Na jina sikutia. Nani angemujua?"

"Bibi yake."

Nikasikia anavuta kiti.

"Kaka, siku ile bunduki ilikuwa hapa, mugongoni mwangu. Ungefanya nini?"

"Siku ile najua. Nakuuliza kitabu. Ulipokuwa unaandika kitabu, nani alikushikia bunduki?"

"Rezo inapotea, kaka. Nitakupigia."

Rezo ilikuwa nzuri. Nilimusikia mupaka anameza mate. Hakupiga.

Nimelipima jambo hili miaka mingi, na sijidanganyi. Kama angesema ndiyo, ni ya mbao, labda wangemuua naye. Labda. Mimi nilipiga kelele na niko hapa. Makosa yangu nayajua: niliwapa wauaji majina ya watu saba, yameandikwa vizuri, na kila siku ya Mungu naamka nayo. Lakini mimi sikukata kitu. Elikana aliua mwili wa Deo asubuhi moja. Wewe, Anselme, umemuua tena katika chumba chako, umekaa, na kahawa mezani, na sasa unamuzika humo binti yake pia.

Papa Sadiki si muntu mubaya. Amesema atangoja mupaka Pasaka kabla ya kumutafutia kijana mwingine. Neema anashona tu. Jana nilimukuta anashona gauni la arusi la musichana mwingine.

Anselme, kitabu chako kimefika mupaka Walikale, basi na maneno haya yatakufikia. Uje Kibua, siku ya Mungu, Jumapili, baada ya misa. Papa Sadiki atakuwapo na watu wake. Usilete zawadi. Kama unaogopa njia, andika barua kwa jina lako, tutaisoma mbele ya wote. Mambo ya historia sikuulizi. Ujibu hili moja, binti yake anasikia: Deo alimuua nani?